Kipawa cha Nne

Jumanne, zamu ikiisha, tunabaki wanne
juu ya ghala la jibini, Panevėžys,
na kisanduku cha kijivu mezani,
kidogo kuliko mkate mweusi.
Žydrūnas, mwalimu, rika la kitinda mimba wangu,
anasema hiki ndicho kitakachoendesha mkanda.
Kinasoma, kinapima, kinaamuru, kinasoma tena,
mara mia kwa sekunde,
na hakitoki nje kuvuta sigara.

Tunachora ngazi. Nguzo mbili, vipawa katikati,
umeme ukitoka kushoto kutafuta njia ya kulia.
Kipawa: neno zuri
kwa mtu ambaye hakuwahi kuambiwa anacho.

Cha kwanza: bonyeza, taa ikawaka. Nikacheka kama mtoto.
Cha pili: hiki na hiki.
Cha tatu: hiki au kile.
Cha nne kikanikwamisha wiki mbili.

Kwa nini kitufe cha kusimamisha
kipitishe umeme kutwa kucha, hata hakijaguswa?
Nani hupiga kelele mwaka mzima
ili siku ya moto anyamaze?
Žydrūnas akaeleza. Wenzangu wakaandika.
Mimi nikatazama buti zangu zikivuja theluji.

Jumapili nikaenda kwa mama.
Miaka themanini na sita; simu haitaki.
Kila alfajiri hufungua pazia la jikoni.
Bronius, ng'ambo ya barabara, akiliona liko wazi,
huendelea kukamua ng'ombe wake. Haji. Hata salamu hatoi.
Siku pazia lisipofunguliwa
ndipo atakapokuja, na shoka la kuvunjia mlango.

Nilisimama pale, kikombe mkononi, chai ikapoa.

Panya autafune waya,
kitufe kioze kwa unyevu wa maziwa,
mashine isije ikadhani ni amani.
Kimya ndicho kengele.

Jumanne nikachora cha nne bila kuinua kichwa.
Mkanda ukaenda, vikopo vya mtindi juu yake,
vilevile nilivyovipanga kwa mkono miaka ishirini na mitatu.
Žydrūnas akapita nyuma yangu, akachomoa waya kimyakimya.
Mkanda ukasimama.
Akanitazama. Nikanyoosha mkono, nikaurudisha waya mwenyewe.

Mkanda haukuondoka.
Ulisubiri kuambiwa,
kama nilivyouagiza.