Yatokanayo

Kikao kilifunguliwa saa nne na robo.
Akidi imetimia, nikaandika. Feni mbili, moja inazunguka.
Ajenda ya sita: vibao vya zahanati
viandikwe na Kivinza pia, au visiandikwe.

Afisa utumishi alisema rangi ina bei.
Mheshimiwa Gwimo akasema lugha ni kama chumvi ya Ruchugi,
haiombewi kibali. Kisha akacheka mwenyewe,
maana chumvi ya Ruchugi ina kibali, na ushuru, na stakabadhi.

Ndipo akasimama Bi. Nyandwi wa Basanza.
Si mjumbe. Alileta barua ya kisima,
akasikia lugha yake ikitajwa ukumbini
kama usikiavyo jina la mtu wenu kwenye matangazo ya vifo.

Dakika kumi na moja, bila neno la Kiswahili
ila "panadoli".
Alisema mama mkwe wake aliumwa maumivu yanayohama,
yale ya kuamkia ubavuni, mchana yako mgongoni,
jioni yamekaa gotini yanakungoja.
Tuna neno lake, alisema. Moja. Fupi.
Muuguzi, mtoto wa watu wa Mbeya, hana kosa,
aliandika: mgongo.

Mwenyekiti akanitazama.
Nikaandika kama mwongozo unavyotaka:
Mwananchi mmoja alizungumza kwa kilugha.

Kilugha.
Kikaratasi cha kufungia karanga.

Mwandishi wa kikao hana maoni, najua.
Lakini nilielewa yote.
Nilibembelezwa kwa lugha hiyo, nikachapwa kwa ajili yake
darasa la pili, kibao shingoni,
na sasa nalipwa mshahara nisiisikie.

Usiku niliukata ule mstari.
Nikaandika maneno ya Bi. Nyandwi kwa Kiswahili,
na Kiswahili hakikuwa na kinyongo, kilinipisha,
mpaka nilipofika kwenye lile neno.

Miaka arobaini na mitatu nalisikia.
Sijawahi kuliona.
Lina l au r? Irabu moja, au mbili?
Nikampigia mama. Hapatikani.
Treni ya Tabora ikapita, kioo kikatetemeka,
nikampigia tena.

Nikaandika l.

Asubuhi mpiga chapa amelizungushia duara jekundu.
Akaniuliza, hapa umekosea?
Nikamwambia, labda.
Lakini lipige hivyo hivyo.