Vijiti vya Penseli

Glenda Sugden ameniangusha mara elfu arobaini.
Sijatia chumvi. Kocha Feather alikuwa na daftari,
akichora vijiti vya penseli, vitano vitano,
kila Jumanne, kila Alhamisi, Jumapili mara mbili,
katika ukumbi ulio juu ya duka la mazulia, Keighley,
ambako dari ilivuja na mikeka ilinuka siki na miguu.

Mama, muuguzi wa zamu ya usiku, ndiye aliyenipeleka
nijifunze kujikinga na wavulana wa kituo cha basi.
Siku ya kwanza sikufundishwa kupiga.
Nilifundishwa kuanguka:
kidevu kifuani, pumzi nje, kiganja kiupige mkeka
kabla mkeka haujakupiga wewe.
Tulikuwa wasichana wawili tu humo ndani.
Basi tukapeana.

Hakuwa na nguvu nyingi, nataka ijulikane.
Alikuwa na subira ya paka mlangoni pa bucha.
Alishika ukosi wangu, mkono wa pili kwenye kiwiko,
akangoja, akangoja,
mpaka uzito wangu uhamie kidole kimoja cha mguu,
hapo dunia ikawa shuka linalokung'utwa
na mimi ndiye kombo la mkate.

Kilo hamsini na sita: humo ndimo alimopanga maisha yake.
Mchana aliuza mikate ya nyama aliyokatazwa kuionja,
jioni alikipanda mbio kilima cha kwenda Haworth
amevaa mifuko ya taka, jasho likimlilia viatuni,
nami nyuma yake na baiskeli na saa.
Sofia, mizani ilipomkataa kwa gramu arobaini,
alikata nywele chooni kwa mkasi wa kushonea,
akarudi, akapita.
Picha ya shaba ya mwaka ule ipo:
kichwa kama shamba lililotembelewa na mbuzi,
na meno yote nje.

Nauli za wanaume zililipwa na chama.
Yake tuliichanga kwa sambusa za mama
juu ya meza ya kanisa la Methodisti.
Bibi mmoja alinunua sita, akauliza,
"Huyo binti hana mchumba?"

Kila alikokwenda aliniletea sabuni ya hoteli.
Leuven, ya ndimu. Zagreb, haina harufu.
Ukitaka kujua alifika wapi usiyaulize magazeti,
fungua kabati la bafuni kwangu.
Sabuni ya Osaka ilifika imekatika katikati.
Fainali ile ilikwisha kwa sekunde tisa.
Hatujaizungumza mpaka leo.

Na mimi? Mimi nilikuwa chini.
Aliye juu mngoje chini, mama alipenda kusema,
akinikanda bega kwa mafuta ya nazi ya dukani.
Nilimngoja miaka kumi na minane.
Si kwa wivu.
Kwa wivu kidogo, siku za mvua,
na Keighley mvua haina likizo.

Kisha Alhamisi moja ya Februari,
goti lake limefungwa bandeji kama mtoto mchanga,
barua ya kuachwa kwenye timu ikiwa ndani ya begi,
nilimshika ukosi, nikahisi.
Uzito wake. Kidole kimoja.
Sijui kama aliniachia.
Mikono yangu haikungoja kuuliza.

Alilala chali, kiganja kimeupiga mkeka barabara,
akatazama juu muda mrefu.
"Lile doa," akasema, "kumbe lina umbo la bata."
Nikamwambia nalijua tangu nina miaka kumi na miwili,
na kwamba zamani lilikuwa kifaranga.

Alicheka mpaka akashika mbavu.
Kocha Feather akalamba ncha ya penseli,
akafungua ukurasa mpya,
akachora kijiti kimoja.