Kitambaa Chekundu

Jitu halikuwepo.
Palikuwa na mwanzi, kitambaa chekundu nchani,
na msaidizi mwenye mafua aliyeushika:
"Hapa ndipo jicho lake, Chigusa. Ogopa hapa."
Akaogopa.
Mara tisa kabla ya chakula cha mchana,
koti la kuazima, kiatu kimoja kikimbana,
mpaka mwongozaji akasema basi, leteni wali.

Miaka ishirini na mitatu katika studio za Chofu
alikanyagwa, alimezwa, alizamishwa,
akageuzwa mzimu, nywele usoni, unga wa mchele shingoni.
Mara moja tu alipewa jina,
nalo likaondoka na mkasi wa mhariri.

Mama yake alilipa kiingilio kule Sendai,
akatoka akiuliza: Wewe ulikuwa yupi?
Yule anayepiga yowe, mama.
Wote walipiga yowe, mwanangu.

Sasa shingo inamuuma, upande wa kushoto.
Tabibu, kijana mdogo, anabonyeza, anabonyeza:
"Bibi Amano, ulikuwa ukibeba nini?"
"Sikubeba kitu. Nilitazama juu."

Anatoka. Ng'ambo ya barabara wanajenga ghorofa;
kreni imeinua mzigo wa nondo,
na nchani mwake, kitambaa chekundu.
Chigusa anasimama, mfuko wa vitunguu mkononi,
na mwili, bila kuulizwa na mtu,
unarudi nyuma hatua mbili,
mdomo unafunguka,

halafu taa inageuka kijani.
Anahamisha mfuko mkono wa pili,
anavuka.