Kufuli Tatu

Sanduku la chama chetu cha maziwa, hapa Isongole,
lina kufuli tatu, na funguo hazilali nyumba moja:
mmoja kwa Ambakisye, mwenyekiti,
mmoja kwangu mimi katibu,
wa tatu kwa Tulinagwe, mwenye ng'ombe wawili tu
na hana cheo.

Jumanne ile ukungu ulishuka mpaka kwenye ndoo.
Mwenyekiti akaja na tindo.
"Bwana mifugo anangoja pesa, ng'ombe wanakohoa,
Tulinagwe yuko msibani Kiwira. Tuvunje.
Kwani si mimi niliyelinunua sanduku hili?"

Ulilinunua, nikasema, kwa risiti ya chama.

Akanitazama.
Ni mjomba wangu. Ada ya sekondari alinilipia yeye.
Chai ikapoa kati yetu.

Saa kumi akaingia Tulinagwe, matope hadi magotini,
ufunguo kaufunga kwenye pindo la khanga.
Hakuuliza nani kakasirika.
Aliuliza, "Daftari liko wapi?"

Tukahesabu watatu, kwa sauti, mlango wazi,
watoto waliotumwa maziwa wakitusikiliza.
Zikazidi shilingi mia mbili.
Mwenyekiti akacheka: "Ziada haina mwizi. Ziache."
Tulinagwe akanisogezea kalamu.
"Inayozidi leo ni pacha wa itakayopungua kesho.
Andika."

Nimeandika, ukurasa wa arobaini na moja:
mia mbili, hazijulikani zilikotoka.
Chini yake sahihi tatu.
Ya mjomba imekwaruza karatasi.