Ndoo

Duka langu la Langoni lina meza, taipureta,
na kamusi isiyo jalada.
Bi Mwanaate alileta barua ya mwanawe
aliye jela ya Malindi, mwezi wa saba huu.
"Askari huisoma kwanza," nikamwambia,
"naye ni mtu wa bara. Tuinyooshe."

Mato nikayafanya macho.
Ndia ikawa njia, nti ikawa nchi,
*kitwa chanuma* nikachapa: naumwa na kichwa.
*Nina ndaa nawe*, hapo nilisita,
kisha kwa fahari ya mtu aliyesoma
nikaweka: nina hamu kubwa ya kukuona.

Nikamsomea. Akasikiza, pindo la buibui menoni.
"Ni yayo kwa yayo," akasema.
"Halikuzidi neno, halikupungua.
Ila huyo mama anayemwandikia Famau
mimi namjua kwa jina tu."

Nikatoa karatasi nyingine.
Nirudishe lipi?
Ndaa, akasema. Nikairudisha ndaa.
Na lile la mwisho, utakapofunguliwa: *ndoo*.

"Bi, askari ataona ndoo ya maji."
"Naaone. Famau ataniona mimi, mlangoni."

Ikatoka hivyo, nusu yangu, nusu yake,
kama nguo iliyotiwa kiraka cha rangi nyingine.

Wiki ya nne ilirudi karatasi ile ile.
Ukingoni, kwa wino mwekundu, mwandiko wa serikali:
*Ndoo haziruhusiwi.*
Na chini yake, kwa penseli butu,
neno moja ambalo sikuligusa:
*Nakuya.*