Kijiko cha Bwana Ormerod

Juu ya maktaba, Preston, ghorofa ya pili:
viti arobaini na viwili, kumi na tisa vina watu.
Taa imenikamata kama afisa wa uhamiaji.
Jina? Umetoka wapi? Umekuja kufanya nini?

Nimekuja kusema.

Mara tatu nimeusimulia usiku ule,
Lancaster, Blackburn, na ukumbi wa kanisa kule Chorley,
na mara zote nililia pale pale:
simu inaita, naambiwa mama hayupo tena,
naanguka kwenye korido ya nyumba ya wazee,
na gizani watu wanatafuta leso.
Lilikuwa goti zuri. Nililifanyia mazoezi jikoni.

Geraldine, anayeniongoza, hakutafuta leso.
Tukingoja basi akaniuliza,
"Saumu, lile goti lilianza lini?"
Basi likaja. Nililishukuru lile basi.

Mama alizoea kusema mficha uchi hazai.
Hakuniambia mwenye kuuanika huzaa nini.

Basi leo, nyie wa mbele, na wewe unayekohoa,
sipigi goti.

Simu iliita saa tatu kasorobo.
Jina la dada yangu, Riziki, likatetemeka mfukoni mwa aproni
nikajua. Mtu hujua.
Nikaliacha litetemeke.
Bwana Ormerod kalala, kinywa wazi,
na kwenye sinia lake wali wa maziwa, wao huuita pudini,
umepoa, umefanya utando.
Nikachukua kijiko chake
nikala.
Wote. Nikakwangua bakuli.
Ulikuwa na kungumanga kidogo,
na ulikuwa mtamu.
Neno hilo moja limenichukua miaka sita.
Mtamu.
Na muda wote niliokuwa nikila
mama yangu alikuwa bado hajafa.
Kisha nikaosha kijiko, nikakirudisha,
asubuhi nikaandika kwenye daftari la zamu:
Bw. Ormerod amekula vizuri.

Kimya.
Kimya cha leso nakijua, kina unyevunyevu.
Hiki kikavu. Nasikia bomba la ukutani likigonga.

Halafu mstari wa nne, kwa Kiswahili, si kwa sauti kubwa:
"Nilipiga mara saba."

Riziki. Kaja na basi kutoka Leicester,
hajawahi kuja, hakuniambia anakuja.

"Nilizihesabu," namjibu.

Hakuna mwingine aliyeelewa. Geraldine anachungulia karatasi zake,
anatafuta maneno hayo yako ukurasa gani.
Mtu mmoja anapiga makofi, wanamfuata wengine;
wamedhani imeandikwa.

Kesho ni Burnley. Zile saba
sijui kama ni zangu kuzisema.

Taa za ukumbi zinawaka.
Riziki hajapiga makofi.
Amekaa tu, mkoba mapajani, koti limefungwa hadi shingoni,
kama mtu anayengoja kuitwa kwa daktari.