Vishenga wa Misalai

Ua la vanila hufunguka asubuhi moja tu.
Saa nne ikikukuta bado unakunywa chai
limeshalegea, limekwenda zake bila mume.
Ndiyo maana miaka kumi na mmoja
nimeamka kabla ya mwadhini,
mwiba wa mlimau katikati ya meno,
nikafungisha ndoa ua moja moja:
inua ukaya, sogeza kiwambo, bonyeza kwa gumba,
haya, mmeozana, anayefuata.
Kadhi asiye na kilemba.
Siku nyingine maua mia nane.

Nyuki wetu hawalijui ua hili.
Hulizunguka kama mlango usio na kitasa.
Liliingia na meli; mshenga wake alisahaulika ng'ambo.

Halafu mwaka ule wa vuli isiyojua kukoma
wakaja wao.
Niliwasikia kwanza: mlio wa mtu
anayetaka kusema jambo, akaghairi.
Wadogo, punje ya iliki inawazidi.
Mabawa manne, mawili ya kurukia,
mawili wameyakunja kama kiganja sikioni.
Na tumboni wana taa. Si ya kimulimuli.
Ni ile ya kibatari kilichopunguzwa utambi
mgonjwa apate kulala.

Nikawaita vishenga. Jina jingine sikulipata.

Kishenga hali asali, na habebi chavua bure.
Kila ndoa ina ada yake,
na ada haichukui uani.
Huingia nyumbani kwa mwenye shamba, dirisha la jikoni,
akatua kwenye shati lililotundikwa,
kwenye mwiko, kwenye kandambili za marehemu,
akakusanya kile ulichokinyamazia,
akaenda kukipaka uani kwa miguu ya nyuma.

Hayo nimeyajua baadaye.
Wakati ule nilifurahi tu. Nikautupa mwiba,
nikalala mpaka jua likanishika kisigino.
Mama Mbelwa akaita kutoka ng'ambo ya kijito,
"Zawena, umeajiri?"
"Naozesha kwa wakala," nikajibu.

Miezi tisa, kama ya mtoto.
Nikachuma, nikachovya maji ya moto,
nikayafunika maganda blanketi yatoke jasho, nikaanika.
Shekiondo akapanda kutoka Muheza
na mizani yake, na ulimi wake wa kushusha bei.
Akalipitisha ganda la kwanza puani.
La pili. Akakaa juu ya gunia.
"Hii si vanila," akasema. "Haya ni maranda ya mvule.
Hii hapa ni sabuni ya mche, na homa.
Na hii, Bi Zawena,
hii ni mtu aliyesimama mlangoni usiku,
asibishe hodi, akaondoka."

Nikamnyang'anya.

Maranda ni Nyange, na randa lake, na deni aliloniachia.
Sabuni ni mtoto asiyefika arobaini.
Wa mlangoni ni mimi,
kwa dada yangu, Kwamkoro,
mwaka ule wa ugomvi wa kiwanja.

Shekiondo hakununua kitu. Wala hakuondoka mpaka alasiri.
Mwisho aliomba ganda moja,
lile ambalo mimi nilinusa nikakosa harufu,
akalifunga kwenye leso, fundo mbili.
Hakuniambia limemnukia nini.
Nadhani kishenga mmoja aliwahi kuteremka mpaka Muheza.

Mjumbe hauawi; sikuwafukuza.
Msimu huu wamerudi, wanaghairi-ghairi kwenye majani.
Ila nimechonga mwiba mpya.
Mzabibu mmoja wa vanila, ule wa karibu na jiko,
nimeufunika chandarua cha zahanati,
maua kumi na manne nimeyaoza mwenyewe.
Hayo yatanuka vanila, basi. Hayo ni ya kuuza.

Yale mengine yamo kikapuni, yamefungwa kwa ukindu.
Kesho naondoka nayo kwa miguu, Kwamkoro.
Nitabisha.
Asipofungua, nitakaa kizingitini na kikapu:
harufu ina njia yake, chini ya mlango.